Mbuzi ya Kuazima

Bwana wa takwimu alifika Mtambile Jumanne,
shati limemgandama mgongoni,
akamuuliza mama: "Nyumba hii lugha gani?"
Mama hakuacha kupepeta.
"Andika Kipemba. Na Kimakonde."
Akainua macho. "Kwani bibi ni Mmakonde?"
"Mimi Mize binti Faki, kwetu Kengeja.
Lakini andika."

Fomu haikuwa na pahala pa jambo hilo.

Niseme mimi, mama keshachoka kueleza.
Baina ya uani kwetu na kwa Bi Nambunga
palikuwa na ua wa makuti. Uliangushwa na masika,
na hakuna aliyepata haraka ya kuusimamisha.
Kuku walivuka kwanza. Halafu moshi.
Halafu mbuzi yetu ya kukunia nazi
ilikwenda asubuhi,
ikarudi jioni na neno limenasa menoni.

Yeye alikuja na mumewe kuchuma karafuu,
msimu mmoja tu, walisema.
Amemzika mume hapa, na watoto wawili.
Tungule aliziita nyanya, mama akamkataza.
Maji aliyaita medi, mama akashindwa.
"Mize, nipe medi."
"Kata hiyo hapo, yachote mwenyewe."
Huyu anasema kwao, yule anajibu kwao,
na chungu hakiungui.

Hawakufundishana. Nani ana wakati huo?
Waligombana.
Mama alijua matusi ya Kimakonde kabla ya salamu,
akawatukania kunguru tu,
maana kunguru, alisema, hawana jamaa wa kuja kushitaki.

Usiku niliozaliwa mkunga alikuwa Mkoani.
Bi Nambunga ndiye aliyenipokea.
Adhana ilikuja baadaye, baba alipofika;
sauti ya mwanzo kunigusa sikio
haikuwa ya ukoo wetu.
Ilisema nini?
Mama anajua. Hataki kuniambia.

Bintiye, Tekla, tulisoma darasa moja.
Watoto walimchora chanjo za uso wa mama yake
ubaoni, kwa chaki,
na mimi nilicheka, nisiseme uongo.
Basi akaikunja lugha ile kama leso yenye doa,
akaitia chini kabisa ya sanduku,
akahamia Unguja, Jang'ombe, kwa kazi ya spitali.
Simu ya msiba ilimfika boti imeshaondoka.

Mwezi uliopita amekuja, ana mvi.
Hakwenda kaburini kwanza.
Alikaa barazani kwetu, akaizungusha simu mkononi,
akaiweka chini, akaiokota tena.
"Bi Mize, nifundishe.
Mama alikuwa akisemaje?"

Na mama yangu, Mpemba asiyewahi kuiona hata Tanga,
akakohoa, akafuta mikono kwa kanga,
akaanza na maji: medi.
Nyumba: ing'ande.
Mtu mzima kama mimi: nang'olo.
Kisha akakwama kwenye neno moja, akalitafuna.
"Hili sijui lilikuwa lake au langu.
Tukilitumia sote."

Tekla akayarudia vibaya.
Mama akamsahihisha kwa ukali
usio wake, mkono kiunoni,
shingo imeinama upande wa kushoto,
na Tekla akaziba mdomo kwa viganja,
maana pale barazani, kwa nukta moja,
alisimama mama yake.

Sijui bwana yule aliandika nini.
Nilimwona akikata mstari, akiandika "nyengineyo",
akiomba maji ya kunywa. Mama akamwitikia:
"Medi hayo."
Akanywa. Yalikuwa baridi vilevile.

Siku ya kuondoka Tekla alikuja na kifurushi.
Mbuzi yetu. Ameikuta jikoni kwa marehemu,
meno yameliwa, kiti kimepasuka.
"Hii yenu," alisema.
Mama aliitazama kitambo kirefu.
"Irudishe ulipoitoa, ufunge mlango, ufunguo niachie mimi.
Ikikaa kwangu,
kwenu nitakwenda kuazima nini?"